Claudia Neumann na kosa lisilosahaulika

Juni 11, 2016, Wales ilipoifunga Slovakia 2-1 mjini Bordeaux kwenye Euro, michuano ya mataifa ya Ulaya, mechi ilitangazwa na Claudia Neumann kwenye ZDF, televisheni ya umma ya Ujerumani. Hakuna mwanamke aliyewahi kutangaza mubashara mechi ya michuano mikubwa ya wanaume kwenye televisheni ya Ujerumani kabla yake. Hakuwa mgeni kazini, alikuwa ZDF tangu 1999. Matusi yalimiminika mitandaoni, na yalipozidi kwenye Kombe la Dunia 2018, ZDF ikawashtaki watumiaji wawili.

Matusi tuyaweke kando. Wakosoaji wenyewe, wanaolalamika kuwa anakosea majina na sauti yake ni kali, wana hoja. Wakati ule kila kaya ya Ujerumani ililipa ada ya utangazaji ya yuro 17.50 kwa mwezi, kwa hiyo anayekosea jina la mfungaji asitetewe kwa kuwa ni mwanamke. Hapo nawaunga mkono.

Ila kazi yenyewe ni ngumu. Ukiwa juu jukwaani, namba ya jezi iko mgongoni na mchezaji anakutazama wewe. Unamtambua kwa mwendo, nywele, rangi ya viatu. Ukiinamia skrini kuangalia marudio, mpira umeshahama. Waingereza huweka watu wawili: mchezaji wa zamani anapochambua, mwenzake anapata sekunde kumi za kukagua orodha ya vikosi. Televisheni za umma za Ujerumani zimezoea kumwachia mtu mmoja dakika zote 90. Makosa hayakosekani, awe mwanamume au mwanamke.

Malalamiko ya sauti si uzushi mtupu. Uwanja ukilipuka, mtangazaji hupaza sauti, nayo hupanda na kuwa kali kwenye spika ndogo za televisheni. Lakini hilo ni la fundi mitambo kuliko la mtangazaji: apunguze kelele za mashabiki kwenye visikilizio vya mtangazaji ili huyo asilazimike kupiga kelele, kisha ashushe kidogo sauti za juu.

Ninapoachana kabisa na wakosoaji ni kwenye kumbukumbu: kosa la mwanamke halisahauliki. Mwaka 1973 Carmen Thomas, mwanamke wa kwanza kuongoza kipindi cha michezo cha Jumamosi cha ZDF, alitaja "Schalke 05" huku akitafuta kwenye karatasi jina la mpinzani, Standard Liège. Ni Schalke 04, mwaka ilipoanzishwa klabu, 1904. Wengi bado wanaamini alifukuzwa kwa tarakimu hiyo moja. Aliendelea na kipindi hadi 1974, kisha akahamia redio ya WDR, shirika lingine la umma la utangazaji, na kuongoza kipindi chake kwa miaka 20.