Miaka mitatu inayorukwa kabla ya bakora

Mjadala wa kuwachapa watoto bakora Unguja na Pemba hauchelewi kufika kwenye hadithi ile ya Mtume: waamrisheni watoto wenu sala wakiwa na miaka saba, na wapigeni kwa ajili yake wakiwa na kumi. Wanaoishika si makatili. Wanachokihofia ni mtoto asiyejua mpaka, na mchelea mwana kulia hulia yeye.

Lakini hebu tuhesabu. Kutoka saba hadi kumi ni miaka mitatu. Mwaka wa Hijria una siku 354 hivi, na sala ni tano: mtoto akumbushwe mara zaidi ya 5,300 kabla mkono haujainuka. Nani katika wanaoitaja kumi amefikisha hata mia tano? Na mafakihi wakaifunga fimbo yenyewe: si usoni, wala isiache alama. Sahaba Anas bin Malik alianza kumtumikia Mtume akiwa na miaka kumi hivi, umri ule ule, akamtumikia miaka kumi asiambiwe hata "uff" ya kuudhika. Henzirani, fimbo ile inayomshukia mtoto wa miaka sita chuoni, anakosomea Kurani, kwa kukosea herufi, haimo humo kabisa.

Sheria ya Mtoto ya Zanzibar, Namba 6 ya 2011, imekataza adhabu za kikatili na za kudhalilisha, ila mzazi kaachiwa kumrudi mwanawe bila ya kumdhuru. Kila upande huvutia kwake.

Nyumbani, msogelee, mwite jina, toa amri moja: "Chukua juzuu, nenda chuoni." Nyamaza, hesabu kumi kimoyomoyo. Adhabu ifanane na kosa, na iwe siku ile ile: mpira umevunja chungu, basi vigae anazoa yeye, na mpira unafungiwa mpaka kesho alasiri. Ukimkalisha pembeni, dakika moja kwa kila mwaka wa umri yatosha. Wa miaka mitano akikaa nusu saa, kosa kashalisahau, imebaki chuki.

Adhabu ya wiki nzima haishiki: siku ya tatu bibi ameshasamehe. Toa ya siku moja, na bibi umwambie mapema. "Ngoja baba yako arudi" humgeuza baba kuwa ndiyo bakora.

Mtoto atalia, tena akinyimwa uwanja hulia kuliko aliyepigwa kofi. Msemo ule wa mchelea mwana kulia haukutaja fimbo. Siku za mwanzo ukaidi huzidi, maana anapima kama neno lako ni kweli. Wengi huishika bakora tena papo hapo, wakasema njia hii haifai, na hawajaipa hata wiki mbili.