Sura imebaki, jina limekwenda wapi?

Septemba 1974, kabla ya Muhammad Ali kupigana ndondi na George Foreman, Kinshasa ilifanya tamasha la muziki la siku tatu. James Brown, B.B. King na Celia Cruz walipanda jukwaani, na upande wa wenyeji wakawepo Franco na OK Jazz, Tabu Ley, Abeti Masikini, Lita Bembo na bendi yake ya Stukas. Kamera zilinasa mengi, kisha mikanda ikakwama kwa ugomvi wa fedha. Filamu ya When We Were Kings, kuhusu pambano lile, ilitoka 1996 ikachukua Oscar. Soul Power, kuhusu tamasha lenyewe, ikafuata 2008. Lakini wanenguaji na wapiga ngoma wa Kinshasa wanaonekana humo bila majina yao.

Wanaowatetea watengenezaji wa filamu hizo wana hoja nzito. Bila wao mikanda ile ingeozea stoo. Haki za muziki ni ghali, na filamu ya ndondi haiwezi kusimama kumtambulisha kila mnenguaji. Hilo nalikubali.

Lakini tazama alivyotumiwa Miriam Makeba, mwimbaji wa Afrika Kusini, katika filamu ya kwanza. Mwandishi George Plimpton anasimulia utabiri wa mganga: mwanamke mwenye mikono inayotetemeka atamnyonya Foreman nguvu. Hapo hapo mhariri anachomeka sura ya Makeba akiimba. Mama aliyesimama Umoja wa Mataifa mwaka 1963 kuukemea ubaguzi wa rangi anageuzwa jini la kunogesha hadithi ya wanaume wawili. Kwangu huo si ubunifu, ni kumkosea heshima.

Makeba angalau ana jina. Mtazamaji akitaka atamtafuta, atamsikiliza. Wanenguaji na wapiga ngoma wa Kinshasa wanapita mbele ya macho yetu sekunde chache, bila hata maandishi chini ya sura zao. Kwa wengi wetu, sekunde hizo ndizo zote tutakazowahi kuziona za kazi yao.

Na isisemwe kwamba haiwezekani. Mwaka 2017, Hugh Masekela na Stewart Levine, walioandaa tamasha lile, walitoa rekodi za wasanii wa Afrika peke yao. Abeti na Lita Bembo wakasikika kwa majina yao, miaka 43 baadaye. Kweli, bendi ni rahisi kuitambua kuliko mchezaji mmoja kwenye kundi. Ila wazee waliokuwepo uwanjani siku zile bado wapo Kinshasa. Wenye mikanda waipeleke Matonge, mtaa wa Kinshasa, waionyeshe, waulize huyu ni nani, na jibu liandikwe kwenye nakala zijazo wazee hao wangali hai.