Konokono wa lambo: kizibo kwanza, mapafu baadaye

Ukimuuliza mtu aliyepita darasa la baiolojia atamtambuaje konokono wa kichocho, atakujibu: ni yule mwenye mapafu, anayepanda juu ya maji kuvuta hewa. Kwenye mtihani jibu hilo linapata alama. Huku Dodoma, kwenye lambo la Bahi au ukingoni mwa Bwawa la Hombolo, linakupoteza, maana hata Lanistes, konokono asiyebeba kichocho, huvuta hewa. Ana pafu na matamvua kwa pamoja, lakini ukoo wake ni mwingine kabisa. Na kama hilo halitoshi, mdomo wa gamba lake uko kushoto, vilevile kama wa Bulinus, mmoja wa konokono wa kichocho. Lanistes mchanga, wa ukubwa wa punje ya hindi, akiingia kwenye ndoo ya Bulinus, hesabu yote imeharibika.

Kwa hiyo fomu ya kutambua konokono ianze na kizibo, kile kibamba kigumu anachojifungia nacho mlango. Mshike konokono ncha ya gamba ikiwa juu na mdomo ukikutazama wewe. Kama ana kizibo, mweke kando: ni Lanistes, Melanoides au jamaa zao, na kichocho hapa kwetu hakipiti kwao. Mpe muda kabla hujakata shauri, kwani akijivuta sana ndani kizibo hufichika.

Asiye na kizibo, angalia upande wa mdomo. Ukiwa kulia, na pembe zake ni pana kama pembetatu, huyo ni wa familia ya Lymnaeidae. Kwetu mara nyingi ni Radix natalensis, anayebeba Fasciola gigantica, minyoo ya ini ya ng'ombe, mbuzi na kondoo. Katika mkoa wa wafugaji kama huu, kumtupia kwenye safu ya “wengineo” ni uzembe. Bapa kama sarafu ni Biomphalaria, wa kichocho cha tumbo, ingawa wale wadogo wa milimita chache wanaweza kuwa Gyraulus. Mwenye ncha na mdomo wa kushoto ni Bulinus, wa kichocho cha mkojo, au ni Physa, mgeni kutoka Amerika. Hapo ndipo wengi hujikwaa. Physa ana gamba linalong'aa na ncha kali, na akitembea utaona vidole vyembamba vya nyama vimelikumbatia gamba kwa nje. Bulinus hana vidole hivyo. Bado una shaka? Mponde mmoja: damu ya Bulinus ni nyekundu, ya Physa si nyekundu.

Majina ya makundi makubwa yasikusumbue sana. “Pulmonata” na “Basommatophora”, ya konokono wenye mapafu, yamebaki kwenye vitabu vya shule, ila wataalamu hawayahesabu tena kuwa makundi halisi ya ukoo. Mwaka 2017 Bulinus alitolewa Planorbidae akapewa familia yake, Bulinidae. Ukikuta ripoti ya zamani inataja Physopsis, soma Bulinus wa kundi la africanus.

Ninalolipinga kwa nguvu ni kuandika spishi kwa kutazama gamba tu. Bulinus globosus na Bulinus nasutus hufanana mno. Unguja na Pemba, globosus ndiye mwenye kichocho na nasutus hahusiki. Upande wa bara, kanda ya ziwa, nasutus anakibeba. Bulinus truncatus ana kromosomu 72 na tropicus 36, na gambani hutawatofautisha. Ukiandika “globosus” bila maabara umebahatisha tu, na mtu atapanga dawa ya kuulia konokono kwa bahati yako. Andika “Bulinus, kundi la africanus” kama nguzo ya ndani ya mdomo imekatika ghafla kwa chini, kisha ishia hapo.

Anayetaka jina kamili atunze sampuli vizuri. Konokono akitumbukizwa hai kwenye spiriti hujikunja hadi ndani, na hakuna atakayeweza kumpasua kutazama viungo vya uzazi. Mlaze usiku mzima kwenye maji yenye chembe za mentholi, akishalegea ndipo aende kwenye ethanoli: asilimia 70 kwa kupasua, asilimia 95 au zaidi kwa DNA. Fomalini iacheni. Ikichachuka hula gamba, na DNA huiharibu. Wa kupimwa sekaria, yaani vijidudu vya kichocho vinavyotoka kwa konokono na kuingia majini, msimguse na vyote hivyo. Kila mmoja akae hai kwenye kichupa chake cha maji safi, mwangani, kuanzia saa nne asubuhi hadi saa nane mchana.

Lebo iandikwe kwa penseli kwenye karatasi, iingizwe ndani ya chupa. Wino huyeyuka kwenye spiriti, na baada ya wiki unabaki na konokono asiyejulikana katoka Bahi au Pemba.