Fundi wa Benchini

Harare, Zimbabwe, daktari wa akili Dixon Chibanda alianza mwaka 2006 na bibi 14 waliofunzwa kusikiliza watu kwenye mabenchi ya nje. Bibi anakuuliza maswali, mnayaorodhesha matatizo, mnachagua moja la kuanza nalo. Nilivyosikia kuna washauri wa namna hiyo wanakaa bustanini, nikafurahi. Sisi vijana hospitalini tunaogopa kuonekana, na nyumbani hakuna siri. Ila benchi? Mpita njia atajua nini, si umekaa tu na bibi yako.

Nikamkuta bibi amekaa peke yake chini ya mti, mkoba mapajani.

“Shikamoo bibi.”

“Marahaba mjukuu wangu. Umechelewa. Kaa.”

Nikakaa. Hakupoteza muda.

“Inazima yenyewe. Asubuhi iko vizuri, mchana haina nguvu kabisa.”

Nikashtuka. Nilikuwa hata sijafungua mdomo! Nikasema, “Ndiyo hivyo hivyo, bibi.”

“Na usiku ndiyo inawaka, hailali.”

“Hailali kabisa.”

“Nimeambiwa imejaa. Mambo chungu nzima, mengine ya watu tulioachana nao zamani.”

Hapo machozi yakanitoka. Huyo mtu tulioachana naye mimi namfahamu kwa jina, kwa tabia, na kwa marashi. Nikamsimulia bibi yote, toka tulivyokutana mpaka alivyoninunia kwenye harusi ya dada yake. Bibi akanipigapiga mgongo, akitazama huku na huku kama mtu aliyepanda basi lisilo lake.

“Pole. Sasa si uyafute?”

“Yanafutika, bibi?”

“Wewe ndiye unayejua! Ila picha za marehemu babu yako usiziguse.”

Akafungua mkoba, akanikabidhi simu.

Wakati huo dada mmoja mwenye daftari akatusogelea kwa adabu. Kumbe mshauri ndiye yeye, tena kijana kunipita. Alikuwa benchi la pili muda wote, lakini kwa jinsi nilivyokuwa nalia aliona mwenzake ameshanipokea, hakutaka kutuvuruga.

“Samahani,” akasema, “huyu nadhani ni mteja wangu.”

Bibi akaushika mkono wangu.

“Mteja gani? Huyu ni fundi wangu, na hata hajaanza.”