Kinga ya Mtumishi Ianzie Kwenye Daftari

Shangazi yangu aliuza zabibu kwa miaka kumi na moja kando ya barabara kuu ya kutoka Dodoma kwenda Dar es Salaam. Asubuhi moja msimu wa zabibu umepamba moto, gari la ofisi moja ya umma lilisimama mbele ya kibanda chake, wakashuka mgambo wanne na bwana mmoja mwenye miwani. Kibanda kikang'olewa. Ndoo sita za zabibu alizochukua shambani kwa mali kauli zikamwagwa chini, na gari lilipokuwa linageuza likazikanyaga. Shangazi aliuliza, "Baba, barua iko wapi?" Akajibiwa, "Mama, nenda kashtaki."

Akaenda. Kituoni walimsikiliza vizuri, kisha wakamwambia yule alikuwa kazini, hapo hakuna jinai. Wakili mmoja akamweleza njia ya madai: unatoa notisi ya siku 90, nakala inakwenda kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, siku zikiisha unafungua shauri Mahakama Kuu, na Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe humo, la sivyo shauri linaanguka. Siku tisini, kwa mtu ambaye mali yake haivumilii juani hata siku nne. Na kumshtaki nani? Jina la yule bwana shangazi halijui mpaka leo, maana hakuacha karatasi hata moja.

Nisieleweke vibaya. Mimi ni mtoto wa mtendaji wa kata, na naamini kabisa kwamba mtumishi wa umma anahitaji kinga ya kutoshtakiwa kwa kazi aliyoifanya.

Mwishoni mwa miaka ya 1990 kipindupindu kiliingia kwenye kata aliyokuwa akifanyia kazi baba, upande wa Bahi. Bwana afya akaelekeza vilabu vya pombe vifungwe na pombe iliyokuwepo imwagwe. Baba akazunguka na mgambo, wakamwaga. Mwenye kilabu kimoja hakukubali, akaenda polisi kusema ameharibiwa mali. Askari alipofika nyumbani, mama alikaa chini na kushika kichwa. Baba akaingia ndani, akatoka na kaunta buku lenye jalada gumu, kona zimeliwa na mende. Humo kulikuwa na tarehe, saa, idadi ya wagonjwa wa siku ile, maelekezo ya bwana afya, madebe yaliyomwagwa kila kilabu, na majina ya mashahidi wawili. Askari alisoma akiwa amesimama, akanakili, akaaga. Jalada la kesi halikwenda mbele.

Bila kinga baba angefanyaje? Angesubiri. Angeandika barua wilayani kuomba mwongozo, na watu wangeendelea kunywea kopo moja huku wakizikana. Ndiyo maana siungi mkono wanaotaka kila mtumishi ashtakiwe kwa kila uamuzi. Daktari, afisa misitu, mkaguzi wa nyama, wote hao wanaumiza mtu mmoja leo ili kuwaokoa wengine kesho, na hawawezi kufanya kazi huku wakitetemeka.

Sheria zetu nyingi zinaliweka jambo hili kwa maneno yanayofanana: mtumishi hatawajibika yeye binafsi kwa alichokifanya kwa nia njema akitekeleza majukumu yake. Uzito wote uko kwenye hiyo nia njema. Nia iko moyoni, na hakuna anayeweza kuufungua moyo wa mtu akaisoma. Kinachoweza kusomwa ni kile alichoandika wakati anafanya, siyo utetezi aliotunga miezi sita baadaye.

Mwangalieni hakimu. Kifungu cha 16 cha Kanuni ya Adhabu, sheria yetu kuu ya makosa ya jinai, kinamkinga na mashtaka ya jinai kwa anachofanya katika kazi yake ya uhakimu, hata pale alipovuka mipaka ya mamlaka yake. Ni kinga pana, na wapo wanaoiona kama upendeleo. Mimi naiona ni halali, kwa sababu hukumu yake imeandikwa, ina sababu, ina sahihi, na aliyeshindwa anapata nakala akate rufaa.

Mkuu wa mkoa na mkuu wa wilaya nao, kwa Sheria ya Tawala za Mikoa ya mwaka 1997, wanaweza kuamuru mtu awekwe ndani hadi saa 48. Lakini sheria hiyohiyo inawataka waandike sababu, na inasema wazi kuwa atakayetumia vibaya madaraka hayo anaweza kukutwa na kosa la kifungu cha 96 cha Kanuni ya Adhabu, yaani matumizi mabaya ya mamlaka. Waliowahi kuwekwa ndani waulizwe wangapi waliiona hiyo karatasi.

Sisi wa Dodoma tuna sababu ya pekee ya kulijali hili. Zamani ukitaka kuishtaki serikali ilibidi kwanza upate ridhaa ya serikali yenyewe. Jaji James Mwalusanya, akiwa Mahakama Kuu hapahapa Dodoma, alitamka kwamba sharti hilo linakiuka Katiba, na mwaka 1993 Mahakama ya Rufani ikasema vivyo hivyo katika shauri la Kukutia Ole Pumbun dhidi ya Mwanasheria Mkuu. Mwaka 1994 Bunge likaiondoa ridhaa na kuweka notisi ya siku 90. Mwaka 2020 utaratibu huo ukatandazwa hadi kwenye halmashauri. Kwa hiyo mlango upo, ila mchuuzi wa zabibu anaufikia akiwa amechoka na mtaji umekwisha.

Ninachotaka ni kidogo. Mtumishi anayeamuru kuvunja, kumwaga, kuchukua au kumfungia mtu, aandike palepale: jina lake, cheo, saa, sheria anayoitumia na sababu, asaini, aache nakala. Aliyeandika alindwe, hata kama baadaye itaonekana alikosea. Ambaye hakuandika asipewe kinga hiyo. Ajibu kwa jina lake na kwa mfuko wake.

Watasema kazi ya mtaani haina nafasi ya makaratasi. Daftari la baba ninalo kabatini. Kwenye ukurasa wa siku ile, mstari wa mwisho kabisa, kuna alama ya dole gumba kwa wino wa bluu. Ni ya yule mwenye kilabu aliyekwenda polisi. Baba alimsomea sababu zote kwa Kigogo kabla ya kumwaga debe la kwanza.