Miaka mitano ya kwanza ya mkopo wa nyumba

Mtu amelipa mkopo wa nyumba miaka mitano mfululizo. Hajachelewa hata mwezi mmoja. Sasa kazi inamhamishia mji mwingine, anataka kuuza, anakwenda benki kuulizia salio. Anapewa karatasi, anaisoma mara mbili, kisha anauliza kama kuna marejesho yaliyosahaulika kuingizwa. Yote yameingizwa. Deni ni karibu lilelile alilolianza nalo.

Tuchukue mkopo wa 100,000, iwe fedha ya nchi yoyote, kwa riba ya asilimia 8 kwa mwaka inayotozwa kwenye salio linalopungua, muda miaka 30. Rejesho la mwezi ni 733.76. Baada ya miezi 60 mkopaji amekabidhi 44,026. Deni limeshuka kwa 4,930 tu. Bado anadaiwa 95,070. Katika kila 100 alizopeleka benki, 11 ndizo zilizogusa deni.

Hakuna aliyemwibia. Benki inatoza riba kwenye kile unachodaiwa mwezi huo. Mwezi wa kwanza unadaiwa 100,000 nzima, kwa hiyo riba yake ni 666.67, na katika 733.76 ulizolipa zinabaki 67 na ushei za kupunguza deni. Mwezi wa pili deni limepungua kwa hizo 67, riba inashuka kwa chini ya nusu ya 1, na mwendo unakuwa huo. Sehemu ya riba inaendelea kuizidi sehemu ya deni hadi mwaka wa 22. Nusu ya deni haiishi kulipwa mpaka miaka 22 na miezi mitano imepita. Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa. Kwa mkopo wa nyumba inabidi kwanza ujue unacholipa kila mwezi: ni deni lenyewe, au ni gharama ya kuendelea kukaa nalo?

Ukijumlisha marejesho yote 360 unapata 264,155. Hapo ndipo mabishano yanapoanzia. Wapo wanaosema hiyo ndiyo bei halisi ya nyumba, kwamba umenunua moja ukalipia mbili na nusu. Na wapo, wengi wao wakiwa watu waliosomea mambo ya fedha, wanaosema jumla hiyo haina maana na kwamba anayeiogopa hajui fedha inavyofanya kazi. Kwa miaka mingi hawa wa pili ndio wamekuwa wakisikilizwa. Hoja zao zina uzito, na ni haki kuziweka mezani jinsi wao wenyewe wanavyozieleza.

Hoja yao kubwa ni mfumuko wa bei. Fedha utakayolipa mwaka wa 30 si fedha ya leo. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kila mwaka, rejesho la mwisho litanunua kile ambacho leo kinanunuliwa kwa 170 hivi. Ukiyapima marejesho yote kwa thamani ya leo, zile 264,155 zinashuka hadi chini ya 140,000. Tofauti hiyo ni kubwa mno kupuuzwa, na anayetangaza jumla bila kuitaja anawatisha watu kwa nusu ya ukweli. Wanaongeza kwamba mtu lazima alale mahali: anayeukwepa mkopo analipa pango, na miaka 30 ya pango haimwachii hata tofali moja. Tena rejesho dogo linamwachia mtu nafasi ya kuwekeza kwingine, na linampa pumzi siku ya dhiki.

Yote hayo nayakubali. Ila ukiyatazama kwa makini, utaona yanamhusu mkopaji mmoja tu: yule mwenye riba isiyobadilika, ambaye kipato chake kinapanda sambamba na bei, na atakayebaki na mkopo uleule hadi rejesho la 360. Je, wakopaji wangapi wako hivyo?

Nianze na riba isiyobadilika. Nchini Marekani mkopo wa miaka 30 wenye riba moja tangu mwanzo hadi mwisho ni jambo la kawaida, na huko hoja ya mfumuko inasimama vizuri. Uingereza mambo ni tofauti: riba hufungwa kwa miaka michache, mara nyingi miwili au mitano, kisha inabadilika. Oktoba 2022 mfumuko wa bei nchini humo ulifika asilimia 11.1. Kwa hesabu ya vitabuni, hizo zilikuwa siku njema kwa kila mwenye deni, kwa kuwa thamani ya deni lake ilikuwa ikiyeyuka. Kumbe Benki Kuu yao, ili kuuzima huo mfumuko, ilikuwa ikipandisha riba yake, kutoka asilimia 0.1 mwaka 2021 hadi 5.25 Agosti 2023. Mkopaji ambaye muda wa riba yake iliyofungwa uliisha katikati ya kipindi hicho alikutana na mfumuko na riba mpya kwa pamoja. Kile alichoambiwa kitampunguzia mzigo ndicho kilichouleta mzigo mwingine. Kwa mkopaji wetu wa mfano, riba ikitoka asilimia 8 kwenda 10 mwishoni mwa mwaka wa tano, rejesho linapanda kutoka 734 hadi 864. Nyumba ni ileile, mshahara ni uleule.

Na huku kubaki na mkopo hadi mwisho ndiko kunakonisumbua zaidi. Hesabu ya mfumuko inahitaji miaka ili ifanye kazi yake. Nafuu yake kubwa iko mwaka wa 20, wa 25, wa 30. Riba nayo ni nzito zaidi mwaka wa 1, wa 2, wa 3. Anayeuza baada ya miaka mitano, kwa sababu ya kazi, ndoa iliyovunjika, ugonjwa au familia iliyokua, amelipa sehemu chungu yote na ile tamu hajaionja. Faraja yake pekee ni nyumba yenyewe kupanda thamani, na hilo benki haimwahidi.

Wapo pia wanaobaki kwenye nyumba lakini wanaubadilisha mkopo. Miaka mitano imepita, mambo yamebana, benki inamwambia mkopaji kwamba salio lake la 95,070 linaweza kuandikiwa mkopo mpya wa miaka 30. Rejesho linashuka hadi 698. Anashukuru, na nani amlaumu? Riba ni ileile asilimia 8, mwezi umepata nafasi ya 36. Lakini saa imerudishwa nyuma. Ile miaka ambayo fedha karibu yote inaishia kwenye riba inaanza upya, na jumla ya alicholipa hadi mwisho inakuwa 295,158, yaani 31,000 zaidi. Ameuziwa nafuu ya mwezi kwa miaka mitano ya maisha yake. Iwapo riba mpya iko chini ya ile ya zamani, mabadiliko hayo yanaweza kuwa na faida kubwa. Afuatilie tu muda mpya usirefuke kimyakimya.

Kwa sababu hizi nadhani wale wanaouliza "jumla ni kiasi gani?" wamedharauliwa bila haki. Swali lao halijakamilika, lakini wameshika kitu ambacho swali la "kwa mwezi ni kiasi gani?" haliwezi kukifikia: wanauliza kuhusu muda. Na gharama ya mkopo wa nyumba imekaa kwenye muda kuliko popote pengine.

Tuweke mkopo uleule, riba ileile, kwa miaka 15 badala ya 30. Watu wengi hudhani rejesho litakuwa mara mbili, wanaliacha wazo hapohapo bila kuuliza. Ni 955.65. Limeongezeka kwa asilimia 30. Mwezi wa kwanza riba ni 666.67 vilevile, maana deni ni lilelile, na benki haitozi riba zaidi kwa kuwa umeahidi kumaliza mapema. Basi zile 222 za nyongeza zote zinakwenda kwenye deni. Wa miaka 30 amepunguza 67. Wa miaka 15 amepunguza 289. Rejesho limeongezeka kwa chini ya theluthi, na kipande kinachokula deni kimekuwa zaidi ya mara nne.

Inafaa kutulia kidogo hapa, kwa sababu hata watu makini huipita hesabu hii haraka. Baada ya miaka mitano, wa miaka 15 amelipa 13,313 zaidi ya mwenzake. Deni lake limeshuka kwa 21,234, la mwenzake kwa 4,930. Tofauti ni 16,304. Aliongeza 13,000 na kitu, akapata zaidi ya 16,000, kwa sababu kila alichopunguza mapema kiliacha kuzaa riba miezi yote iliyofuata. Jumla yake hadi mwisho ni 172,017. Ametoa 92,000 pungufu kuliko mwenzake, na miaka 15 ya mwisho hadaiwi na mtu.

Wataalamu watanijibu kwamba zile 222 zingeweza kuwekezwa. Ndiyo, na anayejua mahali panapompa zaidi ya asilimia 8 baada ya kodi na makato, kwa uhakika, miaka 15 mfululizo, awekeze. Kulipunguza deni la asilimia 8 kunampa mtu asilimia 8 hiyohiyo bila kubahatisha. Hapo pia tusisahau tabia ya fedha mifukoni mwetu: tofauti ambayo haikufungwa na mkataba mara nyingi haiwekezwi popote, inaliwa.

Watunga sheria wa pande mbili za bahari ya Atlantiki wanaonekana kuliona hili. Katika Umoja wa Ulaya, agizo la mwaka 2014 kuhusu mikopo ya nyumba linataka mkopaji apewe karatasi ya maelezo inayomwambia, pamoja na mengine, kwamba kwa kila euro 1 anayokopa atarudisha kiasi gani. Marekani, tangu Oktoba 2015, fomu ya makadirio ya mkopo lazima ionyeshe kile mkopaji atakachokuwa amelipa katika miaka mitano ya kwanza, na pembeni yake, ni kiasi gani cha deni kitakachokuwa kimepungua. Ni ile hesabu yetu ya 44,026 na 4,930, imeandikwa mahali ambapo mtu ataiona kabla ya kutia saini. Nchi ambayo haina fomu ya namna hiyo, mkopaji ana haki ya kuiomba benki imchapie jedwali la marejesho la mwezi kwa mwezi, aende mstari wa 60.

Gharama nyingine nazitaja kwa ufupi kwa sababu zinafahamika zaidi: ada ya kushughulikia mkopo, uthamini, wanasheria, bima ya nyumba na ya maisha ya mkopaji, kodi za mali, matengenezo. Nyingi ya hizo, kama si zote, zinaonekana. Ya hatari ni ile ada inayoongezwa ndani ya mkopo wenyewe ili "usiisikie". Nayo italipiwa riba miaka 30.

Inabaki hoja moja ya upande wa pili ambayo sijaweza kuivunja, na sitajaribu. Rejesho la 955.65 ni ahadi. Kazi ikipotea mwaka wa nne, benki haitasema kwamba huyu amepunguza deni haraka, tumwachie miezi sita. Itadai 955.65 kama inavyomdai mwingine 733.76, na nyumba iko rehani. Mtu mwenye kipato kinachoyumba, mfanyabiashara wa msimu au mwenye mkataba wa mwaka mmoja mmoja, ana sababu nzuri ya kuchukua muda mrefu, na kumwita mzembe ni kumwonea.

Kwake yeye njia iko katikati: asaini miaka 30, alipe zaidi kila anapoweza. Akiongeza asilimia 10 tu, yaani 73 juu ya 734, mkopo unaisha karibu miezi 97 kabla ya wakati na riba inapungua kwa zaidi ya 51,000. Mwezi mbaya ukija, anarudi kwenye 734 bila kumwomba mtu ruhusa. Ila kabla ya kutia saini asome vifungu viwili. Kimoja ni cha adhabu ya kulipa mapema, kwa kuwa baadhi ya mikataba inaitoza. Kingine ni jinsi benki inavyoipokea nyongeza. Kuna benki ambazo, usipotoa maelekezo, huichukulia kama malipo ya awali ya rejesho la mwezi ujao, na deni linabaki palepale. Aandike barua kwamba kila kinachozidi rejesho kikatwe kwenye deni la msingi siku hiyohiyo kinapoingia, abaki na nakala iliyogongwa mhuri, na mwezi unaofuata aombe taarifa ya mkopo aone salio limeshuka kwa kiasi gani.