Hija Ianzie kwa Anayekudai

Parokia zetu nyingi za Mtwara na Lindi zikitangaza hija, swali la kwanza ni nauli, la pili ni sare. Basi la kukodi linakwenda Bagamoyo au Namugongo, walikouawa mashahidi wa Uganda, watu wanaimba usiku kucha, wanapiga picha, wanarudi na rozari za zawadi. Hakuna dhambi hapo. Ila mtu anaweza kwenda na kurudi akiwa vilevile, na deni lake la duka la jirani likiwa vilevile.

Tunaishi na walimu wazuri wa jambo hili na hatuwaulizi. Muislamu wa Mikindani au Lindi mjini akijaliwa kwenda Makka, maandalizi yake si sanduku tu. Analipa madeni au anaelewana na wanaomdai. Anaandika wasia. Anahakikisha wanaobaki nyumbani wana masurufu ya kuwatosha hadi arudi, kwa sababu hija ni faradhi kwa mwenye uwezo tu, na uwezo huo hauhesabiwi kwa kuwanyima chakula watoto. Kisha anapita kwa ndugu na majirani, Wakristo wakiwamo, kuomba radhi. Kwetu hija si amri, hakuna anayetubana, na nadhani ndiyo maana tunaruka hayo yote na kuanzia kwenye kitenge. Wakati Mathayo sura ya 5 iko wazi kabisa: acha sadaka yako mbele ya madhabahu, nenda kwanza ukapatane na ndugu yako.

Najua kuna watakaosema tunaiga dini ya wenzetu. Wanaosema hivyo wasome historia ya Masasi. Askofu Vincent Lucas, Mwanglikana aliyeongoza dayosisi hiyo kuanzia 1926 hadi 1944, hakulifuta jando la wenyeji. Alilipokea akaliingizia sala za Kikristo. Kama jando liliwezekana, kuomba radhi kabla ya safari kutashindikanaje?

Kwa hiyo mwezi mzima kabla ya kuondoka, kamati ya hija ingeuliza madeni na magomvi kwanza, michango baadaye. Kitubio nacho kifanyike parokiani. Wanaotaka rehema kamili, yaani kufutiwa adhabu yote ya dhambi zilizokwisha kusamehewa, wanatakiwa kuungama, kupokea komunyo, kusali kwa nia za Baba Mtakatifu na kutoshikamana na dhambi yoyote. Kuungama kunaweza kutangulia kwa siku kadhaa. Anayengoja kuungamia Namugongo Juni 3, sikukuu ya mashahidi hao, atakuta foleni ambayo haitafika mwisho kabla ya Misa kuanza.

Nikiwa hapo hapo Uganda: kanisa kuu la Jimbo la Lindi limewekwa chini ya Mtakatifu Andrea Kaggwa, mmoja wa mashahidi hao. Kaggwa hakuuawa Namugongo. Aliuawa Munyonyo, Mei 26, 1886, na Munyonyo pana kituo cha hija, upande wa ziwani wa Kampala. Basi linalotoka Lindi likifika Namugongo na kugeuza bila kupita kwa somo wa jimbo lake, waandaaji hawakusoma.

Lakini kwa nini twende mbali mwaka hadi mwaka? Kutoka abasia (monasteri) ya watawa Wabenediktini ya Ndanda, chini ya miteremko ya uwanda wa Makonde, hadi Masasi ni kama kilomita 40. Hiyo ni hija ya siku mbili kwa miguu, kilomita 20 kwa siku, na mwisho wake ni kanisa kuu la Waanglikana, la Mtakatifu Maria na Mtakatifu Bartholomayo. Askofu Edward Steere, Mwanglikana, alifika Masasi 1876 na watu waliokombolewa utumwani, akawaacha hapo waanze makazi. Wakatoliki na Waanglikana wanaweza kutembea pamoja. Patakapowabana ni kwenye Misa, kwa kuwa hawashiriki komunyo moja. Afadhali lisemwe mapema: Njia ya Msalaba na masifu ya jioni wasali pamoja, ekaristi kila upande kwa wake.

Wakati ni Agosti. Mvua zimekwisha, asubuhi ina ubaridi, na malori ya korosho hayajaanza kufukuzana kuelekea bandarini. Agosti 15 ni Kupalizwa Bikira Maria, Agosti 24 ni Mtakatifu Bartholomayo. Na Agosti 14, 1905, Askofu Cassian Spiss aliuawa Mikukuyumbu, upande wa Liwale, pamoja na mabruda wawili na masista wawili, mwanzoni mwa Majimaji. Hapa pana mambo mawili ya kuangalia. Kanisa halijawatangaza kuwa wenye heri, kwa hiyo tunawakumbuka na kuwaombea. Hatuwawekei litania ya hadhara. La pili ni zito zaidi. Vijiji vya Kusini ni vya wajukuu wa watu waliopigana wakikataa kulimishwa pamba kwa viboko, na njaa iliyoletwa na Wajerumani kwa kuchoma mashamba na maghala iliua watu wengi sana. Hujaji anayepita akisimulia kifo cha askofu tu, akanyamaza juu ya makaburi yasiyo na msalaba, asishangae akipokewa kwa ubaridi. Wote watajwe kwenye sala ya asubuhi.

Sasa miguu. Kundi likitembea kilomita 4 kwa saa, kilomita 20 ni saa tano, na mapumziko yanaifanya sita. Mkiondoka saa 10 alfajiri mtafika saa 4, kabla jua halijawa kali. Tembeeni upande wa kulia mkiyatazama magari yanayokuja, mstari mmoja, wa mbele na wa nyuma wakivaa vizibao vya kung'aa. Maji ni lita 3 kwa mtu: watu 40 wanahitaji madumu 6 ya lita 20, na pikipiki ya miguu mitatu inayatosha. Maji matupu peke yake hayafai kwa anayetoka jasho jingi. Changanyeni lita 1 na vijiko vidogo 6 vya sukari na nusu kijiko kidogo cha chumvi. Wapo wanaoapa kutoonja kitu mpaka komunyo. Mfungo wa ekaristi ni saa moja tu, na maji hayaufungui. Anayezimia njiani anawasimamisha wote.

Kinachowarudisha wengi nyumbani ni malengelenge. Viatu vipya, soksi zilizolowa na joto la lami vinatosha kuyaleta. Kiatu kivaliwe wiki tatu nyumbani kwanza, soksi zibadilishwe kila mapumziko marefu, vidole na mapaja vipakwe mafuta ya mgando. Lengelenge dogo liacheni. Kubwa litobolewe pembeni kwa sindano iliyosafishwa kwa spiriti, ngozi isibanduliwe, lifungwe bendeji safi. Kandambili ni za jioni tu. Mzigo usizidi sehemu moja ya kumi ya uzito wa mtu.

Wahispania wana desturi moja inayofaa kuchukuliwa. Anayekwenda Santiago de Compostela hubeba kadi inayogongwa mihuri kila anapopita, na hati ya hija hapewi mpaka athibitishe walau kilomita 100 kwa miguu. Kadi ya karatasi ngumu tu ingetosha hapa, ikigongwa Ndanda, kigango (kanisa dogo chini ya parokia) cha kulala, na Masasi.

Kigango hicho cha kulala ndicho kinachosahaulika. Katekista aandikiwe mapema: idadi ya watu, wanawake wangapi, kama mnakuja na unga wenu, matundu ya choo mangapi yapo. Mwenyekiti wa kijiji naye apate nakala, na kama pana msikiti karibu, shehe aarifiwe kwamba watu watapita wakiimba alfajiri, ili wanyamaze saa ya adhana. Barua hiyo iondoke Juni.